Mechi ya Burnley Tunaiona, ya Kericho Tunaisikia Tu

Jumamosi moja mwezi wa tisa nilikuwa ndani ya kibanda cha mechi hapa Kericho mjini. Kiingilio bob 30, benchi za mbao, skrini moja kubwa, na mvua yetu ikitishia kama kawaida. Hicho kibanda kiko mahali ambapo ukikaa karibu na mlango unasikia filimbi ya refa kutoka Green Stadium.

Saa nane na nusu mechi ya kwanza ya Uingereza ikaanza kwa skrini. Saa tisa filimbi ikalia huko nje. Kijana mmoja wa sekondari, bado amevaa sweta ya shule, akageuka.

"Kwani Green kuna nini?"

"Kuna mechi," nikamwambia.

"Inaonyeshwa wapi?"

"Haionyeshwi."

Akarudisha macho kwa skrini. "Basi hio si mechi."

Watu walicheka. Mimi pia nilicheka, sitawadanganya. Lakini hio maneno ilinifuata mpaka nyumbani, juu huyo kijana hakuwa anatania. Kwake yeye, mpira ni kitu cha kwa skrini. Vijana ishirini na wawili wanakimbia kwa matope mita mia chache kutoka kwa benchi yake, na hawapo. Na mimi mwenye naandika hii, mwenye hujiita shabiki wa mpira wa mashinani, nilikuwa nimekaa hapo hapo na bob 30 yangu nimelipa.

Kwa hivyo leo tuongee. Kwa nini mechi zingine hazionyeshwi kwa TV zetu? Na zikikosa kuonyeshwa, nani anaumia?

Tuanze na swali lenye watu huuliza vibaya. Utasikia mtu akisema, mbona KBC, Citizen ama NTV hawaonyeshi hii mechi? Anaongea kana kwamba mechi ni hewa, na kituo kimekataa tu kufungua dirisha. Mechi ni mali, na ina mwenyewe. Ligi Kuu ya Uingereza huuza haki za matangazo kwa maeneo, na mwenye ameshika eneo letu la Afrika kusini mwa Sahara ni SuperSport, ile ya DStv. Akishanunua ameshika funguo. Kituo cha hapa hakiwezi kurusha hata dakika moja laivu bila yeye kukubali na kulipwa. Ndio maana kwa habari za usiku mara nyingi unasomewa matokeo ya Arsenal huku ukionyeshwa picha za kusimama tu.

Hizo funguo pia hubadilisha mikono. Mwaka 2007 kampuni inaitwa GTV iliingia Afrika ikachukua sehemu kubwa ya mechi za Uingereza. Januari 2009 ikafunga ghafla, na wateja nchi nyingi wakabaki na dikoda za kuwekea maua juu. Januari 2024 hata SuperSport ilijikuta nje ya mlango: siku chache kabla ya AFCON ilitangaza kwamba haitaonyesha mashindano, juu haki zilikuwa kwa New World TV ya Togo. Wakaelewana dakika za mwisho. Na kuanzia 2025, mwenye DStv ni Canal+ ya Ufaransa. Kwa hivyo kile utaona Kericho Jumamosi kinaamuliwa na watu wenye hawajawahi kukanyaga hapa.

Mtu wa huku anaelewa hii kitu bila kufundishwa. Majani tunachuma sisi, lakini bei inapangwa kwa mnada Mombasa, na mnunuzi ako mbali zaidi ya hapo. Mpira wa TV ni mnada kama huo.

Lakini shika hapa. Hio ni sababu ya mechi za Uingereza kukosekana kwa TV ya bure. Zina thamani kubwa sana, ndio maana zimefungiwa. Mechi ya Green Stadium haijafungiwa na mtu. Hakuna mwenye alikimbia kuinunua. Hizi ni shida mbili tofauti kabisa, na tukizichanganya tutaendelea kulaumu mtu mbaya.

Sasa kuna kitu nilijua juzi tu, na nimekuwa nikikiambia kila mtu mpaka wamenichoka.

Jumamosi saa tisa alasiri ya Uingereza, yaani saa kumi na moja jioni yetu, ama saa kumi na mbili wakati wao wako kwa baridi, mtu wa Manchester hawezi kuona mechi ya timu yake laivu kwa TV ya kwao. Hata akiwa na pesa. Kuanzia saa nane na dakika arobaini na tano mpaka saa kumi na moja na robo, saa za huko, hakuna mechi laivu kwa TV. Ni marufuku.

Hii ilitoka wapi? Miaka ya 1960 kulikuwa na mzee anaitwa Bob Lord, mwenyekiti wa Burnley. Burnley si London. Ni mji wa viwanda vya pamba, venye sisi ni mji wa chai. Lakini mwaka 1960 hao watu walikuwa mabingwa wa Uingereza. Bob Lord aliwaambia viongozi wenzake kwamba mechi kubwa zikiwekwa kwa TV Jumamosi mchana, hakuna mtu atanunua tiketi ya timu ndogo. Shabiki atakaa kwake, miguu juu ya meza, na klabu ya mtaani itakufa polepole. Wakamsikiza. Kizuizi hicho kiko mpaka leo. Kililegezwa wakati wa korona mwaka 2020, viwanja vilipofungwa, kisha kikarudi.

Sasa angalia hii maajabu. Waingereza wamezima TV zao ili mtu wa Burnley aende uwanjani. Halafu hio mechi yenye wamezuia kwao, sisi tunauziwa. Sisi ndio tunaiona vizuri kutoka kwa benchi ya mbao Kericho, na uwanja wetu uko tupu. Ule ugonjwa Bob Lord aliogopa ulikuja kweli. Haukuingia Burnley. Uliingia huku.

Na Kericho tuna historia yetu na hii kitu, ya kuumiza kuliko ya mahali pengi.

Kwa karibu miaka kumi SuperSport ilikuwa inarusha Ligi Kuu ya Kenya. Wenye mko na umri wangu na kwenu kulikuwa na dikoda mnakumbuka: kamera za maana, watangazaji wa maana, wachezaji wa Gor Mahia na Tusker wakijulikana mpaka nje. Pesa ya hio TV ilikuwa inafika kwa klabu. Mkataba ulikuwa wa ligi ya timu 16. Halafu FKF ikataka timu 18, kampuni iliyokuwa inaendesha ligi ikakataa, wakavutana mpaka kwa mahakama, na mwishowe msimu wa 2017 ukachezwa na timu 18. SuperSport ikasema hayo siyo tulikubaliana, ikavunja mkataba, ikaenda.

Unajua mmoja wa wale walioingia ligi kuu mwaka huo ilipopanuliwa? Zoo ya Kericho.

Yaani mwaka timu yetu ilipanda ligi kuu ndio mwaka kamera ziliondoka. Sisemi Zoo walikosea. Walicheza mpira wao chini huko, mlango ukafunguliwa, wakaingia. Nani angekataa? Walioshindwa kuelewana ni wakubwa waliokuwa na mkataba mezani wakijua kimeandikwa nini. Lakini sisi ndio tulipanda jukwaani taa zikizimwa.

Na hawakuwa timu ya kuaibisha. Mwisho wa msimu huo huo wa 2017, tuzo ya mchezaji bora wa ligi ilienda kwa Michael Madoya, wa Zoo. Soma tena. Mchezaji bora wa ligi nzima ya Kenya alikuwa anavaa jezi ya Kericho. Mwaka uliofuata alienda Tusker. Mimi nimekaa usiku nikitafuta klipu za huo msimu wake hapa Green, na kile nimepata hakijazi dakika za kukunywa chai. Nikitaka bao la Uingereza la 1995, napata kwa sekunde tatu, tena kwa kamera nne tofauti.

Mdogo wangu anajua majina ya wachezaji wa akiba wa Brighton. Madoya hamjui. Ukimwambia kwamba Kericho iliwahi kutoa mchezaji bora wa nchi, anaangalia simu kwanza aone kama ni ukweli, na simu haina kitu ya kumwonyesha.

Baada ya hapo ligi ikawa ya kuhamahama kama mpangaji mwenye hana kodi. StarTimes ikaja, ikaenda. Novemba 2021 serikali ikavunja FKF, na Februari 2022 FIFA ikatufungia mpaka Novemba. Mwaka 2023 Azam TV ya Tanzania ikasaini. Kila akija mmoja ni dikoda ingine, na kila akienda ni miezi ya giza.

Giza lina bei. Hapa nitaongea polepole, juu ni mambo ya majina ya watu.

Aprili 2021, kamati ya nidhamu ya FIFA iliamua Zoo iondolewe kwa ligi kuu ya Kenya kwa kesi ya kupanga matokeo. Hivyo ndivyo stori ya Kericho kwa ligi kuu ilikatika. Siandiki hii kumhukumu mchezaji yeyote, na najua wengi waliovaa hio jezi walikuwa vijana wanatafuta unga. Sisemi pia kwamba kamera ingezuia. Italia ilikuwa na kamera kila kona, na bado mwaka 2006 Juventus walishushwa ligi kwa kashfa ya waamuzi.

Lakini fikiria hii. Mechi zetu ziko kwa mitandao ya kubeti, hata zile hazina picha. Mtu ako mbali, hajui Kericho iko upande gani wa Nakuru, anaweza kuweka pesa juu ya kona ya dakika ya sabini ya mechi yenye hakuna mtu anaiona. Mchezaji analipwa kidogo, ama halipwi. Uwanjani kuna watu wachache. Kwa TV hakuna. Beki akiteleza vibaya mbele ya bao, nani atasema aliteleza ama aliuza? Hakuna marudio. Hata yule aliteleza kwa ukweli, juu ya matope, hana kitu cha kujitetea nacho. Kamera humshika mwizi, sawa. Lakini pia humlinda kijana mwenye hakuiba. Hio ya pili ndio hatusemi.

Sasa najua mtaniambia nini. Ya kwanza: huku mashinani hakuna vifaa.

Haya. Tarehe 20 Oktoba 2023 Mashujaa Dei ilifanyika hapa hapa Green Stadium. Uwanja ulirekebishwa, rais akaja, magari ya matangazo yakaja, na Kenya nzima ikaona Kericho laivu kuanzia asubuhi. Hakuna mtu alisema milima inazuia mawimbi. Kwa hivyo inawezekana. Ikikuwa ya mkubwa inawezekana, ikikuwa ya vijana tunaambiwa vifaa ni ghali.

Na ni kweli ni ghali, tusijidanganye. Ligi ya timu 18 ina mechi 306 kwa msimu, tisa kila raundi. Kila moja inataka gari, kamera, watu, umeme, na njia ya kupeleka picha. Viwanja vingi havina taa, kwa hivyo mechi zote zinabanana mchana. Mwenye kulipa lazima achague, na atachagua Gor na Leopards, juu hapo ndio kuna macho.

Ya pili niliambiwa na mwenye kibanda mwenyewe. Sote tunamuita Baba Chero. Nilimuuliza, "Baba Chero, ungeonyesha mechi ya Green kama ingekuwa kwa dikoda?"

Akanyamaza akihesabu sarafu. "Kijana, mimi nauza chenye watu wananunua. Niwekee hio mechi saa tisa, na hapa ng'ambo jirani ameweka Man U. Unafikiri watakaa kwa nani?"

"Kwako, kama Kericho inacheza."

"Wewe uko hapa kwangu saa hii. Na Kericho inacheza."

Maze, sikuwa na jibu. Na sitaki kujifanya nilipata moja la busara njiani. Mzee alisema ukweli. Hiki ndicho kitanzi chetu: TV haiji juu uwanja uko tupu, uwanja uko tupu juu tumezoea TV, na mdhamini akiangalia benchi tupu anapeleka pesa kwingine.

Tanzania walikata hicho kitanzi. Mwaka 2021 Azam walisaini mkataba wa miaka kumi na shirikisho lao, shilingi bilioni 225.6 za huko. Leo kijana wa Litein anakuambia kikosi cha Yanga bila kusoma mahali. Si ati Watanzania wana miguu mitatu. Simba na Yanga walikuwa wanajaza uwanja kabla ya hio pesa kuja, halafu pesa ikaja kuwatafuta. Na ni kampuni ya nyumbani, yenye inajua shabiki wa Mbeya ako tayari kulipia mpira wa kwao.

Hata sisi tukipewa, tunakuja. Agosti 2025, CHAN ilichezwa hapa Kenya, Tanzania na Uganda. Harambee Stars walipiga Congo moja bila, wakapiga Morocco moja bila, wakapiga Zambia moja bila, wachezaji wa ligi za hapa nyumbani tu. Hizo mechi tulizitazama bila kulipia. Huyo huyo Baba Chero aliweka, na kibanda kilijaa mpaka watu wakasimama kwa mvua. Tulipotolewa na Madagascar kwa penalti, wanaume wazima walienda nyumbani bila kuaga. Hakuna aliyesema ligi yetu ni mbovu wiki hio. Hao vijana walikuwa wale wale ambao wiki ingine tunasema hawaonekani.

Nami nilijaribu kidogo yangu. Mwaka jana kulikuwa na fainali ya kombe la wadi upande wa Bomet, karibu na Silibwet. Zawadi ilikuwa jezi na mbuzi. Nilifunga simu kwa mti na kamba ya gunia, binamu yangu akatangaza nusu Kiswahili nusu Kipsigis, tukaenda laivu. Network ilikatika mara sijui ngapi. Waliotazama kwa wakati mmoja hawakuwahi kupita hamsini. Nilikuwa nimeanza kusikia aibu.

Halafu ujumbe ukaingia. Jamaa wa huko huko Silibwet, anafanya kazi ya ulinzi Qatar. Aliandika: zungusha simu kidogo upande wa kushoto, namba saba ni brathe yangu, nilimwacha akiwa darasa la sita.

Nikazungusha. Namba saba hakufunga bao, na kusema ukweli alicheza vibaya. Lakini huyo msee wa Qatar hakutoka mpaka mwisho. Kila namba saba akigusa mpira alikuwa anaandika jina lake.

Siku hio ndio nilielewa nini hukosekana mechi isipoonyeshwa. Mtu hukosa kuona wake.

Kwa hivyo nataka nini? Vitu vinne.

Kwanza, mechi za timu ya taifa zionekane kwa kila nyumba, bila dikoda ya kulipia. Hii si ndoto. Uingereza wana sheria ya 1996 yenye inalinda matukio kama fainali ya Kombe la FA na Kombe la Dunia yaonekane kwa TV ya bure. Afrika Kusini waliweka kanuni zao 2010, kwamba TV ya kulipia haiwezi kujifungia michezo ya kitaifa peke yake. Tuwe na orodha kama hio hapa, na ifuatwe kwa vitendo, si kwa karatasi.

Pili, mwenye amenunua haki za ligi na haonyeshi mechi fulani, klabu iruhusiwe kuirusha yenyewe kwa intaneti. Umeshika funguo na hufungui mlango? Rudisha funguo. Mechi saba ama sita zinazobaki kila wiki ziachwe kwa vijana wenye simu na kamera za harusi. Nyinyi mnajua mko wangapi. Mnashuti ruracio na matanga kwa ubora wa sinema, mtashindwa na kona?

Tatu, kaunti zetu mbili, Kericho na Bomet, zikijenga uwanja zisiishie kwa jukwaa la wageni. Weka mahali pa kamera, pa juu, pasiponyeshewa. Weka umeme na intaneti. Hio ni pesa kidogo ukilinganisha na geti ya kifahari. Na mikataba ya TV yenye FKF inasaini iwekwe wazi tuisome, juu ile ya 2017 ilivunjwa kwa sababu ya namba moja tu, na tungeijua mapema tungepiga kelele mapema.

Nne ni sisi, na hapa siwezi kumlaumu Canal+.

Wazee wetu hawakuwa na picha kabisa. Walikuwa na redio na sauti ya Leonard Mambo Mbotela, wakaona mpira kwa masikio, na bado walienda uwanjani. Kuna watu huniambia ati sisi huku ni watu wa mbio, mpira si wetu. Ni kweli tunajivunia. Kiprugut Chumo wa hapa Kericho ndiye alileta medali ya kwanza ya Olimpiki kwa Kenya, Tokyo 1964. Lakini nenda shamba lolote la chai jioni, pale kwa laini za wafanyakazi, uniambie hao watoto wanafukuza nini. Si baton.

Ile Jumamosi niliondoka kibandani kipindi cha pili. Si ati nilikuwa shujaa. Niliona tu nimeshindwa na Baba Chero, na hio kitu iliniuma. Nikamgusa yule kijana wa sweta bega. "Twende tuone kama hio si mechi." Akaniangalia kama mwendawazimu, akauliza kama ni kulipa, halafu akaja.

Tulifika kama dakika ya sitini hivi. Watu walikuwa wachache, wengi mama za wachezaji na boda wenye hawakuwa na abiria. Mvua ilikuwa imeanza. Tukiwa bado tunatafuta mahali pakavu pa kukaa, watu wakapiga kelele nyuma yetu. Bao. Tukageuka, tukaona tu wachezaji wamekumbatiana kwa kona ya bendera.

Kijana akasubiri. Kwa ukweli alisimama akisubiri, macho juu, kama mtu anangojea kitu.

"Unangoja nini?"

"Warudie," akasema. Halafu akajicheka mwenyewe.

Hawakurudia. Huyo kijana alikaa mpaka filimbi ya mwisho, na alikuwa anagombana na refa kuliko mimi.

Hesabu ni rahisi, wasee. Mechi ya Green huanza saa tisa. Kabla ya saa kumi na moja imeisha. Ile ya Uingereza, yenye wenyewe kwao wamezuiwa kuona, huanza saa kumi na moja, na wakati wa baridi yao ni saa kumi na mbili. Unaweza kuona zote mbili na bado ufike kwa Baba Chero kabla benchi ya mbele ijae. Unapoteza tu ile ya saa nane na nusu, na mara nyingi hio hata si timu yako.

Jumamosi hii niko Green, upande wa miti. Nitakuwa na simu na kamba ya gunia. Kuja na mwavuli, na kama una ndugu yako Qatar ama Doncaster ama Eldoret, mwambie namba ya jezi mapema nijue mahali pa kuzungusha.